Kadi ya Kijani na Amri ya Mahakama

Miaka ya tisini, nilipokuwa karani wa wakili hapa Kenya, amri ya mahakama kuhusu shamba ilikuwa na sherehe yake. Mteja alikuja na ukoo mzima, akakabidhiwa nakala yenye mhuri, na vigelegele vikasikika hadi barabarani. Watu walirudi nyumbani wakiamini kesi imekwisha, kumbe imehamia jengo la pili.

Mimi ndiye niliyezipeleka amri hizo kwa msajili wa ardhi. Rekodi ya shamba ilikuwa kadi ya kijani iliyojazwa kwa kalamu: jina la mwenye ardhi, ukubwa, mkopo wa benki, zuio. Kutekeleza amri kulihitaji kufuta jina moja na kuandika lingine. Lakini kadi haionekani. Faili iko kwa mkubwa, na mkubwa yuko semina. Mpinzani wetu alipoitaka kadi hiyohiyo, ilionekana kabla ya chai ya saa nne.

Sheria nayo ilimlinda mkaidi. Chini ya Sheria ya Ardhi Iliyosajiliwa, usajili wa kwanza haukurekebishwa na korti hata ulaghai ukithibitishwa. Na kwa kuwa Sheria ya Mahakama, kifungu cha 5, ilizipa korti zetu mamlaka ya Mahakama Kuu ya Uingereza katika kuadhibu wanaoidharau mahakama, utaratibu nao ulikuwa wa huko: uombe ruhusa kwanza, ndipo ushtaki. Mkulima wa Kisii akangoja kanuni za London. Amri nayo ilipaswa kumfikia mhusika mkononi, ikiwa na ilani ya adhabu. Nimewahi kuona wasajili wakitokea mlango wa nyuma. Ukimnasa mmoja, uhamisho unamfikia kabla ya siku ya kusikizwa, na mrithi wake anaapa kwamba faili haijui.

Leo karibu vizingiti vyote hivyo vimeng'olewa. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 haina tena kinga ya usajili wa kwanza. Mwaka 2014 Mahakama ya Rufani ilisema anayelalamikia kukaidiwa kwa amri hahitaji ruhusa. 2015 ikaongeza kwamba afisa akiijua amri inatosha, hata asipokabidhiwa mkononi. Bunge lilipotunga sheria ya 2016 iliyowapa wakuu wa ofisi za serikali ilani ya siku 30 kabla ya kushtakiwa, Jaji Chacha Mwita aliibatilisha Novemba 2018. Aprili 2021 ukaja mfumo wa mtandaoni wa Ardhisasa, na vijana wanatafuta rekodi za ardhi kwa simu.

Hata hivyo mawakili ninaowafahamu wangali wanawasilisha maombi yaleyale ya kudharau mahakama. Kadi haipotei tena. Sasa mfumo umegoma, au ombi lako linashughulikiwa. Yule wa mlango wa nyuma angalau alikuwa na haya ya kukimbia. Wa leo amekaa kitini, na katika hati ya kiapo anaeleza kwamba anasubiri maelekezo kutoka juu.

Huko juu nako walishaonyesha mfano. Machi 2018, katika suala la wakili Miguna Miguna, aliyezuiwa kuingia nchini, Jaji George Odunga alimtoza waziri wa usalama wa ndani na wakuu wawili wenzake faini ya shilingi 200,000 kila mmoja kwa kukaidi amri, akaagiza ikatwe kwenye mishahara yao. Huo mshahara ndio mahali pa kugusa. Gharama zikilipwa na hazina, mwananchi aliyenyimwa shamba anachangia pia kumlipia aliyemnyima.

Kwa hiyo, msomaji mwenye amri mkononi, usiiachie mezani mwa ofisi. Ipeleke ikiwa na ilani ya adhabu, andika jina la msajili na si cheo chake tu, na usiondoke bila nakala yenye mhuri wa kupokelewa na tarehe. Akihamishwa kesho, jina lake litabaki kwenye ombi lako.