Kivuli Kilichorudi Nyuma

Binti yetu yuko kidato cha tatu, na anapokuwa likizo chakula cha jioni hakiliwi nyumbani kwetu bila hadithi. Jioni moja alitusimulia aliyoisoma katika kitabu cha kuazima, "A Sound of Thunder", ya Mmarekani Ray Bradbury, iliyotoka mwaka 1952. Humo, katika mwaka 2055, ipo kampuni inayouza safari za kurudi zamani. Hata jina lake limeazima neno letu: Time Safari. Mteja analipa dola 10,000, anaingia katika mashine, anarudishwa nyuma mamilioni ya miaka kwenda kuwinda dinosaria. Kampuni haimhakikishii kwamba atarudi akiwa hai.

Sharti ni kutotoka kwenye njia ya chuma inayoelea juu ya ardhi, ili asikanyage hata jani. Mnyama anayepigwa risasi ni yule tu ambaye angekufa muda huohuo kwa sababu nyingine. Mtu wa kampuni ametangulia kumchunguza na kumtia alama ya rangi nyekundu. Basi mteja mmoja, Eckels, anapomwona mnyama mwenyewe anaingiwa na hofu na kuiacha njia. Wakirudi, bango la kampuni limeandikwa kwa tahajia ya ajabu, na uchaguzi wa rais ameushinda yule aliyekuwa ameshindwa. Katika tope la kiatu chake kuna kipepeo aliyekufa.

"Sasa kampuni hiyo ingekuwapo kweli," binti akauliza, "Baba ungerudi siku gani? Na wewe Mama?"

Tulicheka. Mmoja wetu akasema angerudi kununua viwanja kabla bei hazijapanda. Mwingine akasema angekwenda arusi ya Kana, aonje ile divai. Tukaondoa vyombo. Lakini usiku ule hatukulala.

Majirani mpaka leo wanatuita kwa jina la mtoto wetu wa kwanza. Alikuwa na miaka minne. Homa ilimwanza siku ya Ijumaa, usiku ikapanda, na mmoja wetu akasema tusubiri kupambazuke, maana kwenda hospitali saa zile kulitaka kukodi gari, na fedha iliyokuwamo ndani ilikuwa ya kodi ya nyumba. Ni nani aliyesema, hatutaandika. Kulipopambazuka malaria ilikuwa imempanda kichwani. Jumatatu tulimzika.

Imepita miaka 18. Juu ya mtoto tumezungumza sana, juu ya kicheko chake na jinsi alivyoogopa kuku. Juu ya usiku ule, kamwe. Aliyesema tusubiri aliamini kwamba mwenzake anamhukumu kimyakimya, akakubali hukumu hiyo kama haki yake.

Yapata saa nane usiku, gizani, mmoja akauliza: "Ungerudi Ijumaa ile?"

"Ndiyo."

"Usiku?"

"Hapana. Mchana."

Ndipo tukajua. Mchana ule mtoto alikuwa amekataa uji, akasema kichwa kinamuuma, naye akaambiwa aache kudeka, aende akacheze. Wa pili wetu, ambaye tulidhani hana hatia, alikuwa ameyabeba maneno hayo peke yake miaka yote. Kimya chake hakikuwa cha kumhukumu mtu, aliogopa kuulizwa. Kama tungekuwa na hizo dola 10,000 tungezitoa usiku uleule, tena mara mbili, kila mtu na safari yake.

Tulipiga magoti kando ya kitanda. Tulikuwa tumeshaungama mbele za Mungu mara nyingi, kila mmoja kwa siri yake. Kuungama mmoja kwa mwenzake ilikuwa mara ya kwanza.

Katika Kitabu cha Pili cha Wafalme, sura ya 20, kivuli kinarudi nyuma madaraja kumi, iwe ishara kwa mfalme Hezekia kwamba ataongezewa miaka 15. Mzee mmoja wa kanisa alitusomea sura hiyo Jumamosi ile hospitalini, na tangu hapo hatukuweza kuisikia bila uchungu. Kwa nini kivuli kirudi kwa mfalme, kwetu kisirudi? Usiku ule tuliwasha taa tukaisoma tena, na safari hii hatukuishia hapo. Sura inayofuata inasema Manase alianza kutawala akiwa na miaka 12. Hesabu mwenyewe: alizaliwa ndani ya ile miaka ya nyongeza. Akajenga madhabahu za Baali, akamwaga damu isiyo na hatia.

Msibani mtu alitufariji kwamba pengine Mungu aliona mtoto wetu angekuja kuharibika. Tunamjibu leo, kwa kuchelewa: hapana. Mtoto wetu hakuwa Manase, na hatusomi habari hiyo kwa namna hiyo. Tunaona tu kwamba Hezekia alilia apewe miaka asiyojua ndani yake mna nini. Na Manase huyohuyo, Nyakati inasema, alitubu katika minyororo huko Babeli, na jina lake limo katika ukoo wa Bwana wetu kwa Mathayo. Bado tunalitafakari hilo.

Asubuhi binti alitukuta mezani, macho mekundu.

"Nimewaza," akasema. "Mngerudi kumwokoa kaka, mimi ningezaliwa?"

Alizaliwa mwaka wa pili baada ya msiba. Hatukuwa na jibu. Tulimwambia aketi, tukamsimulia ile Ijumaa yote, kila mmoja sehemu yake. Uji ulipoa. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza kaka yake alipenda uji gani.

"Wa ulezi," tukasema wote wawili kwa pamoja, "wenye ndimu."