Tulipanda baiskeli ili tuchelewe

Haya wandugu, nimepotea. Wengine mmenitumia meseji mnauliza kama na mimi UE imenila kichwa. Hapana, nipo. Nimerudi Iringa juzi usiku, mapaja yanauma na pua imebanduka ngozi kwa jua. Leo nawapa habari ya Kyela, ila habari yenyewe si yangu peke yangu. Mwenye nayo nimemsomea kwenye simu mwanzo mpaka mwisho, akasema weka tu, ila jina langu acha. Wanaomjua watamjua.

Ni hivi. Mwanzoni mwa mwezi wa tisa matokeo ya sapu yalitoka, na rumu-meti wangu akawa amedisko. Masomo mawili, moja wapo takwimu. Siku tatu hakuzungumza, alikuwa anaamka, anakunywa maji, anageukia ukutani. Siku ya nne akaniuliza, "Hivi wewe ziwa unalijua?" Nikamwambia mimi mtu wa Dodoma, kwetu mto ni mchanga, ukitaka maji unachimba. Akasema, "Basi twende kwetu ukaone maji." Nilifurahi kama mtoto. Wala sikujiuliza mtu aliyetoka kudisko anataka mgeni wa nini.

Kwao ni Ikombe, kijiji cha Wakisi kwenye Ziwa Nyasa, ukishaipita Matema, chini kabisa ya milima ya Livingstone. Baba yake mvuvi, mama yake mfinyanzi.

Tukapanda basi Igumbilo alfajiri. Mimi nilitaka kulala, jamaa akaanza mhadhara. Kila daraja ananigusa bega. Tulipofika Igawa akasema, "Huu ni Mbarali. Haya maji yanaingia Ruaha Mkuu, yanapita Usangu, yanakwenda Mtera, halafu yanaishia Rufiji." Tukaiacha barabara ya Mbeya pale Uyole, tukapanda mlima kwa baridi hadi Isongole, halafu barabara ikaanza kushuka. Hapo akanigusa tena. "Kuanzia sasa maji yamebadilisha nia. Mvua ikinyesha huku inakwenda Nyasa, inatoka kwa mto Shire kule Malawi, inaingia Zambezi, inamwagikia Msumbiji." Yaani matone mawili ya mvua moja, yakianguka huku na huku ya mgongo wa mlima, yanafika Bahari ya Hindi katika nchi mbili tofauti. Mimi jiografia nimeisoma tangu sekondari na hakuna mwalimu aliyewahi kuniambia hivyo. Nikawaza, huyu ndiye amefeli? Sikusema.

Tukuyu tukalala kwa mjomba wake, fundi baiskeli. Mjomba alikuwa na baiskeli mbili za kupeleka Matema kwa mteja. Jamaa akadakia haraka, tutazipeleka sisi. Nikaona ni mpango mzuri, tunaokoa nauli.

Wandugu, Tukuyu iko mita kama 1,500 juu ya usawa wa bahari. Ziwa Nyasa liko chini ya mita 500. Kwa hiyo ni mteremko wa mita elfu moja, na baiskeli yangu breki ya nyuma ilikuwa jina tu. Asubuhi unatoka na sweta, pembeni chai kijani kibichi na migomba imebanana, unaona moshi wa jikoni umekaa juu ya paa kwa ukungu. Saa tano sweta liko kwenye keria. Saa saba shati limeloa, na kila kitu kimebadilika. Kuna kakao imeanikwa kwenye mikeka, michikichi, miembe mikubwa, halafu ardhi inalala tambarare kabisa na mashamba ya mpunga yanaanza. Mpunga ulikuwa umeshavunwa, ng'ombe wanakula mabua. Ule mchele wa Kyela tunaogombania hapa mjini, nyumbani kwake ndiyo pale.

Kule chini baiskeli ni miguu ya watu. Inabeba gunia la mchele, mkungu wa ndizi, mama na mtoto mgongoni, hata kitanda. Wazee wakikutana wanashuka kabisa kwenye baiskeli ili wasalimiane. "Ugonile." "Ndaga." Halafu ndiyo wanaulizana habari za nyumba nzima. Jamaa yangu alishuka kwa kila mzee. Alishuka kwa kila duka. Akanunua ndizi, akala taratibu. Akasimama kurekebisha cheni ambayo haikuwa na tatizo.

Tukakata Kikusya kuelekea Ipinda na Matema, siku hizi ni lami. Humo njiani mnavuka Kiwira, mnavuka Mbaka, mnavuka Lufilyo, yote inashuka toka milimani kwenda ziwani. Ukiongeza Songwe ule wa mpakani na Malawi, mito minne mikubwa inaingia kwenye wilaya moja tambarare. Mwezi wa nne mvua zikikolea, mito inapanda kitandani na watu. Alinionyesha ukuta wa nyumba moja, mstari wa matope umefika kifuani kwangu. Nikauliza kwa nini hawahami. Akacheka, "Mpunga wenyewe unaota juu ya matope hayo hayo." Songwe ndiyo kituko zaidi, unahamahama njia. Mwaka mmoja shamba lako liko ng'ambo hii, mwaka mwingine mto umekuzunguka, shamba liko upande wa Malawi.

Kwenye kila daraja alisimama. Anaegemea chuma, anatazama chini. Pale Mbaka alikaa karibu nusu saa akinieleza habari za mbasa. Ni samaki wa ziwani, mkubwa, mtamu, ila mvua zikianza anaacha ziwa na kupanda mto dhidi ya maji ili akatage kwenye kokoto huko juu. Wavuvi wanajua, wanamngoja njiani. "Ndiyo maana wanapungua," akasema. "Anakamatwa akirudi kwao." Halafu akanyamaza.

Tukalala Ipinda kwa shangazi yake. Kwa mwendo wa kawaida siku ile tungefika Matema.

Kesho yake saa sita tuko Matema. Duh. Sijui niwaambieje. Mchanga, halafu maji mpaka macho yanaishiwa, na upande wa kushoto mlima unaingia ziwani wima kama ukuta bila hata kuaga. Ziwa lile lina kina kinafika mita 700 hivi. Nilipoambiwa hivyo nikarudi nyuma hatua tatu, na maji yalikuwa bado hayajanigusa.

Tukakabidhi baiskeli. Nikasema haya, mtumbwi uko wapi. Akasema leo haiwezekani, mwera unavuma, ni upepo mbaya, mitumbwi inapinduka. Sasa mimi ni wa Dodoma lakini upepo naujua. Ziwa lilikuwa limetulia kama maji ya beseni, watoto wanaogelea, mitumbwi inapita. Nikamtazama. Akatazama pembeni.

"Nyumbani wanajua?" nikamuuliza.

"Hawajui."

"Sasa mimi umenileta wa nini?"

Akachora chora mchanga na kidole. "Baba hagombezi mbele ya mgeni."

Basi ndiyo nikaelewa. Baiskeli, ndizi, cheni, madaraja yote yale. Sikuwa mtalii, nilikuwa ngao. Nilikasirika, sitaki kuwadanganya. Tukalala Matema kila mtu kimya upande wake. Ila usiku nikamkumbuka baba yangu mimi, na siku niliyoficha matokeo ya kidato cha nne ndani ya debe la ulezi. Hasira ikaisha.

Asubuhi tukapanda mtumbwi pale Lyulilo. Mtumbwi wa gogo moja, mwembamba hivi kwamba makalio ndiyo yanaamua kama mtafika. Nikaambiwa kaa chini, usitikisike, ukiona maji ndani toa kwa kopo. Nilitoa maji hata yasiyokuwepo. Tulikwenda tumebana ukuta wa mlima, unasikia tumbili juu na maji yakilamba mawe chini, na jamaa anapiga kasia kama mtu mwingine kabisa, mgongo umenyooka, hatoi jasho. Chuoni sijawahi kumwona hivyo.

Kwao walitupokea kwa shangwe. Mama akaniita mwanangu kabla sijamaliza shikamoo. Ugali wa muhogo, usipa wabichi wa kuchemsha, pilipili. Baba mtu mpole, anaongea kidogo. Akauliza, "Masomo?" Jamaa akajibu, "Yanaendelea, baba." Mimi nikatazama sahani. Mkopo wa serikali alipata nusu nusu, iliyobaki ilitoka kwenye mikono ya wale wazee wawili, na mimi nakula usipa wao. Ulikuwa mtamu na haukushuka.

Siku ya pili hivyo hivyo. Siku ya tatu ilikuwa Jumamosi, na Jumamosi ni soko la vyungu Lyulilo. Baba akasema, "Mgeni aende na mama akaone soko." Jamaa akaanza, "Na mimi nakuja." Baba akasema, "Wewe nyavu zimechanika." Mzee alikuwa ameniona mimi ni nini tangu siku ya kwanza, teh teh. Ngao ikapakiwa kwenye mtumbwi pamoja na vyungu.

Wanawake wa Kikisi wanafinyanga vyungu kwa mikono, wanavisugua mpaka vinang'aa, wanavichoma kwa moto wa nje, halafu vinakwenda sokoni kwa mtumbwi. Vile vyungu vyekundu mnavyoviona Mbeya mjini, vingi vinatoka huko. Tulikuwa katikati ya safari, mdogo wake mama anapiga kasia nyuma, mama akaniambia bila kugeuka,

"Mwenzako amefeli."

Wandugu, kusema uongo nchi kavu ni jambo moja. Juu ya maji ya mita mia kadhaa, hujui kuogelea, umekumbatia chungu, ni jambo jingine. Nikasema, "Ndiyo, mama."

"Nilijua. Tangu mwezi wa saba simu zake fupi. Halafu anakuja na mgeni." Akatikisa kichwa. Akaanza kunihesabia. Ada ya mwaka wa kwanza, vyungu vingapi. Godoro, vyungu vingapi. Yaani yule mama hahesabu kwa shilingi, anahesabu kwa vyungu, na vile vilivyopasukia motoni anavijua pia. Hakulia wala hakulaumu. Mwisho akasema, "Usimwambie kama najua. Mwache amwambie baba yake mwenyewe, asije akasema mama ndiye aliyemsemea."

Tuliporudi jioni niliwakuta baba na mtoto wamekaa juu ya mtumbwi uliopinduliwa, wavu katikati yao, kila mmoja na sindano yake. Hawakuinua vichwa. Usiku ndiyo jamaa akanisimulia. Alimwambia yote, masomo mawili, takwimu, sapu, mwisho. Baba alinyamaza muda mrefu sana. Halafu akasema sentensi moja tu.

"Yule ng'ombe nilimuuza akiwa na mimba."

Basi. Akampa sindano, wakashona mpaka jua lilipozama.

Usiku ule waliingia ziwani pamoja kuvua usipa kwa taa. Mimi nilibaki ufukweni na mama. Giza la Ikombe ni giza kweli, na ziwani kote taa zimetawanyika kama mji mwingine. Nikamuuliza mama, ya kwao ni ipi. Akasema hajawahi kujua, hata miaka yote hii. Anahesabu tu zikirudi asubuhi.

Nimerudi peke yangu. Jamaa alinivusha mpaka Lyulilo, akaniambia msimu huu atamsaidia mzee, dirisha la udahili likifunguka ataomba tena chuo kingine, na safari hii atasoma karibu na nyumbani. Sijui kama itakuwa. Na yeye hakusema kama anayejua. Akasukuma mtumbwi, akageuka, hakuchelewa hata kidogo.

Kwenye basi nilikaa na kijana mmoja wa kidato cha sita. Tulipopita Isongole nikamgusa bega nikamwambia habari ya matone mawili ya mvua. Akatoa spika za masikioni akanisikiliza mpaka Igawa.

Kitanda chake bado kitupu, meneja wa hosteli anasema wiki ijayo analeta mtu. Desa zote ameniachia mimi. La takwimu liko juu kabisa, lina kalamu nyekundu kila ukurasa, mtu alisoma kweli kweli. Na mimi takwimu naianza muhula huu.

Niombeeni. Na kama kuna mwenye kuielewa, njoo rumu, ndizi zipo.