Usiku Mmoja Salgaa

Watu wengi wa pwani hulijua jina la Salgaa kabla ya kupaona mahali penyewe. Hulisikia kwenye taarifa za habari, na mara nyingi ni habari za msiba. Nyumba zenye mume au kaka anayeendesha lori la kwenda Malaba hulisikia pia kwenye simu: "Nimefika Salgaa, nalala hapa." Mimi nililisikia hivyo kwa miaka 11, tangu mdogo wangu alipoanza kupeleka shehena Kampala. Sikudhani kwamba ipo siku ningelala huko mimi mwenyewe.

Salgaa ni kituo cha biashara kando ya barabara kuu itokayo Nakuru kwenda Eldoret. Kutoka Mombasa ni zaidi ya kilomita 650. Malori husimama kwa safu ndefu, mengine yakielekea Uganda na Rwanda, mengine yakirudi bandarini. Wanawake huuza chai ya maziwa, mahindi ya kuchoma na viazi. Jua likishazama, baridi ya nyanda za juu hupenya hata kwenye buibui zito. Mbele ya hapo barabara hupanda kupitia Migaa na Sachangwan hadi Mau Summit. Kwa anayekuja kutoka huko, kipande hicho chote ni mteremko.

Tulikuwa tukimpeleka binti yetu chuoni Eldoret. Kijana wangu ndiye aliyekuwa dereva. Aliamka saa 9 usiku kupakia mizigo, tukaondoka saa 10, na ilipofika Magharibi tukaingia Salgaa ili tumsalimu mjomba wake, aliyekuwa amepumzika hapo akitoka Kampala. Nia yangu ilikuwa tunywe chai, tuswali, kisha tuendelee. Eldoret tulikuwa na mwenyeji, na sikuona sababu ya kulipia nyumba ya wageni.

Mdogo wangu alimtazama mpwawe usoni, akamwuliza, "Umeamka saa ngapi?" Alipojibiwa, alinyoosha mkono akataka ufunguo wa gari. Nilimwambia, "Zimebaki saa mbili na kitu tu." Akanijibu kwa upole, "Dada, hizo ndizo mbaya. Leo hamwendi."

Nilikasirika, nisifiche. Lakini alitukalisha chini akatueleza kazi yake kama ambavyo hakuwahi kunieleza nyumbani. Lori lenye shehena likishuka kutoka Mau Summit, alisema, halizuiliwi kwa breki peke yake. Breki zikikandamizwa muda wote hupata moto, na zikizidi kupata moto haziumi tena, hata dereva akikanyaga kwa nguvu zake zote. Kwa hiyo dereva mwenye akili huingiza gia ya chini akiwa bado juu, kabla mteremko haujaanza, ili injini yenyewe ilizuie gari. Akichelewa, gari likishashika kasi, gia hiyo haiingii tena. Wapo wanaolitoa gari kwenye gia kabisa ili kuokoa dizeli, na wengine hutafuna miraa wasisinzie. "Wote hao," alisema, "wanakopa, na deni hulipwa papo hapo barabarani."

Hakuwa akitutisha bure. Huko Sachangwan, tarehe 31 Januari 2009, lori la mafuta lilianguka, watu wakakusanyika kuchota, moto ukalipuka na kuua zaidi ya watu 100. Tarehe 31 Desemba 2017, usiku wa manane, basi na lori viligongana pale Migaa na watu 36 wakafariki. Baadaye vizuizi vya zege viliwekwa katikati ya barabara kutenganisha wanaopanda na wanaoshuka. Ajali huwa na sababu nyingi: kasi, ubovu wa gari, papara ya kupita. Lakini sheria ya Kenya haikumwekea dereva wa gari la biashara kikomo cha saa 8 za kuendesha katika kila saa 24 kwa mzaha. Kijana wangu alikuwa amekwisha kuzipita, nami mama yake ndiye niliyekuwa nikimwambia aongeze.

Lililonichoma zaidi nimelisoma baadaye. Mwaka 1997 watafiti wawili wa Australia, Drew Dawson na Kathryn Reid, walionyesha kwamba mtu aliyekaa macho saa 17 mfululizo hupungukiwa na wepesi wa akili na mikono sawa na mtu mwenye kiwango cha pombe cha asilimia 0.05 katika damu. Nilipiga hesabu: tungeingia Eldoret kijana wangu akiwa na saa 18 bila usingizi. Mwanangu hajawahi kuonja kileo, na mimi ningempandisha milima ile usiku akiwa katika hali ya mlevi, huku nikiomba dua ya safari.

Tulipata nyumba ya wageni iliyo safi, inayosimamiwa na mama mmoja mtu mzima aliyetuletea blanketi za ziada bila kuombwa. Nikaswali Magharibi rakaa 3, nikaikusanya na Isha nikiipunguza kuwa rakaa 2. Nilipotoa salamu, nikabaki nimekaa juu ya mswala. Ruhusa ya kupunguza swala nilikuwa nimeipokea bila ubishi. Ruhusa ya kulala niliikataa, ingawa zote mbili zinatoka kwa Mola yule yule, anayejua kwamba safari huchosha.

Na haikuwa safari ile tu. Mama yangu alipatwa na kiharusi miezi 7 kabla ya hapo. Tangu siku hiyo nilikuwa mimi wa kumgeuza usiku, wa kumpa dawa, wa kumfulia. Dada yangu mdogo na mke wa kaka yangu walijitolea kupokezana nami, nikakataa. Nilidhani kuchoka ndiyo thawabu yenyewe, na kwamba anayepumzika amempenda mama pungufu. Wakati huo nilikuwa nikiwafokea watoto, na mara mbili nilimpa mama dawa ya asubuhi jioni. Alhamdulillahi haikumdhuru. Nilikuwa nikikanyaga breki ambazo zamani zilikwisha kupata moto.

Usiku ule nilikumbuka kisa kilichosimuliwa na Bukhari na Muslim. Mtume, rehema na amani zimshukie, aliingia msikitini akaona kamba imefungwa baina ya nguzo mbili. Akaambiwa ni ya Bibi Zainab, hujishikilia nayo anapochoka katika swala. Akaamuru ifunguliwe, na akafundisha kwamba mtu aswali akiwa na nguvu, akichoka akae. Ikiwa katika ibada mwanamke hakutakiwa kujining'iniza kwenye kamba, basi mimi nilijifungia kamba ya nani jikoni na kando ya kitanda cha mgonjwa?

Tuliamka kwa Alfajiri. Ukungu ulikuwa umetanda juu ya mashamba ya mahindi, na malori yakinguruma moja baada ya jingine. Mdogo wangu alirudisha ufunguo, akamwambia mpwawe apande taratibu. Tulifika Eldoret kabla ya saa 4 asubuhi, binti akajiandikisha, na hakuna tulichokipoteza ila bei ya vyumba viwili.

Niliporudi nyumbani niliwaita dada yangu na wifi yangu, nikawaomba radhi. Sasa usiku tumeugawa watatu. Mama ndiye wa kwanza kusema kwamba mkono wangu umekuwa mwepesi tena.

Dada msomaji, huenda nawe unamwuguza mzazi, au unanyonyesha huku ukifanya kazi, au una mume barabarani anayeogopa kukuambia kwamba hatafika leo. Mruhusu alale. Nawe ukipewa msaada, upokee mapema, ungali na nguvu za kusema asante. Mola awalinde wasafiri wetu wote, na awape wagonjwa wetu afueni. Amin.