Nyama ya Swala na Mboga za Karai

Nyama ya porini haina mafuta. Hilo mpishi hana budi kulikubali kabla hajawasha moto. Mbuzi wa nyumbani hula, hulala na kunenepa. Swala hushinda akikimbia na kutega masikio. Kwa hiyo nyama yake ni nyekundu sana, nyuzi zake zimekazana, na ukiiacha motoni hadi mazungumzo yaishe, kama tufanyavyo kwa mbavu za mbuzi, utatafuna kamba. Nawasikia watu wakisema kwamba swala si mtamu. Aghalabu wasemao hivyo walipikiwa na mtu aliyezoea mbuzi.

Chuoni nilikosomea ualimu tulifundishwa kwamba asiye na andalio la somo asiingie darasani. Nilipostaafu ukuu wa shule nikaichukua kanuni hiyo jikoni, jambo ambalo mama watoto hulicheka mpaka leo, maana huniona nikiandika karatasini vitu ambavyo yeye hupima kwa kiganja. Naam, acheka. Mwezi uliopita mwanangu aishiye Dodoma aliniletea kilo 2 za paja la swala pala, nami nikaandaa tangu jana yake.

Niliikata nyama vipande vyembamba, nikikatiza nyuzi wala si kuzifuata. Kisha nikatwanga kitunguu saumu na tangawizi, nikatia pilipili manga, maji ya ndimu moja, mafuta ya alizeti vijiko vitatu, na kijiko kimoja tu cha papai bichi lililokunwa. Papai bichi lina utomvu ambao huvunjavunja nyama, ndiyo maana bibi zetu walilitia kwenye nyama ya ng'ombe mzee. Lakini lisizidi, na lisilale humo usiku kucha, kwani nyama hugeuka uji kwa nje. Nililitia saa mbili tu kabla ya kuchoma. Ndimu nayo ikizidi huikaza nyama badala ya kuilainisha. Mafuta ndiyo yaliyo muhimu kuliko yote, kwa kuwa mnyama mwenyewe hakuleta yake.

Mkaa uwe mwekundu, usiwe na moshi. Vipande vyembamba huiva haraka upande huu na upande huu. Viive hadi ndani, maana nyama ya porini hailiwi mbichi hata kama imekaguliwa, lakini viondolewe mara tu maji yake yaachapo wekundu.

Mboga nilijifunza kwingine. Mwaka 1972 nilikuwa mwalimu kijana huko Mlimba, wakati Wachina walipokuwa wakijenga reli ya kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, kilomita 1,860. Kutoka Mlimba reli ilianza kupanda milima kuelekea Makambako, na hapo palikuwa na kazi nzito ya madaraja na mahandaki. Kambini mwao walilima bustani. Jirani na shule yetu mpishi wao alikuwa na karai kubwa jeusi, na sisi walimu tulizoea kusimama kumtazama, kwa sababu moto wake ulikuwa mkali kupita kiasi na chakula chake kiliiva kabla hatujamaliza salamu. Hatukuwa na lugha moja naye. Alituonyesha kwa mikono: mboga zikaushwe maji kwanza.

Nilipokuja kufundisha sayansi ndipo nilipoelewa. Maji hayapiti nyuzi 100 za joto. Mafuta hupita sana. Mboga zikiingia na maji, karai hupoa, nazo huchemka na kulegea. Zikiingia kavu, huiva kwa nje na kubaki zikilia mdomoni. Basi tangulizeni karoti, zifuate pilipili hoho, mwisho majani, na mkono usitulie. Dakika nne zatosha, kisha sosi ya soya kidogo. Majani niliyotumia ni yale tuyaitayo chainizi, na watoto wa sokoni hawaulizi jina hilo lilitoka wapi.

Sasa nieleze kwa nini nilijitaabisha hivyo. Mgeni wangu alikuwa kaka yangu mkubwa, aliyekuwa hajagusa nyama ya porini tangu mwaka 1981.

Sisi tumezaliwa bonde la Kilombero, nchi ya mpunga na ya sheshe. Baba yetu alimla sheshe kama wengine walavyo kuku. Mwaka 1973 uwindaji ukapigwa marufuku nchi nzima, mwaka 1974 ikaja sheria mpya ya wanyamapori, na marufuku ilipoondolewa mwaka 1978 leseni zikarudi, ila bei yake haikuwa ya mkulima wa mpunga, wala ofisi yake haikuwa karibu. Kaka alikamatwa na kikapu cha nyama kavu. Alifungwa miaka 2. Mke wake alivuna peke yake misimu miwili, na mtoto wao wa tatu alijifunza kutembea baba akiwa gerezani.

Sisemi kwamba sheria ilikosea. Sheshe wa Kilombero wamepungua mno, na miaka ile ya themanini tembo na faru waliuawa kwa wingi wa kutisha. Lakini nasema kwamba waliouza pembe hawakuwa wenye vikapu.

Mwaka 2020 zilitoka kanuni za kuuza nyamapori, yakafunguliwa mabucha yenye leseni. Kaka alizisikia redioni, akanyamaza.

Siku ile nilimwekea sahani. Hakunawa mikono.

"Mwalimu," akasema, "karatasi yake iko wapi?"

Nikampa stakabadhi ya bucha. Akavaa miwani, akaisoma yote, mpaka tarehe, kisha akaiweka chini ya ukingo wa sahani yake, akanawa. Kipande cha kwanza alikitafuna kwa muda mrefu, macho yakitazama mlangoni. Kipande cha pili hakutazama popote. Mboga alizigeuzageuza akauliza kama kweli zimeiva, au mkaa uliniishia. Shemeji yake akacheka mpaka akajifuta machozi kwa upindo wa khanga, naye akazila zote.

Jioni tukamfungia zilizobaki ampelekee shemeji yangu. Akaichukua na ile stakabadhi, akaikunja mara nne, akaitia mfuko wa shati na kufunga kifungo. Nikamwambia kwamba basini hakuna atakayemuuliza habari ya vipande sita vya nyama iliyochomwa.

"Wewe hujawahi kuulizwa," akanijibu, akashika fimbo yake tukaelekea kituoni.