Tiki Mbili za Bluu Karibu Zipeleke TV ya Mathe

Wasee, nianze na kosa langu, ndio msione nawahubiria.

Mwaka jana namba nisiyoijua ilinitumia PDF kwa WhatsApp. Juu kulikuwa na mhuri wa korti, chini jina langu. Nikafungua, nikacheka, nikasema hawa ni matapeli. Nikarudi kuhariri video yangu.

Kumbe haikuwa utapeli. Nilikuwa nimechukua kamera ya Sh180,000 kwa jamaa fulani, nilipe mdogo mdogo. Nikalipa 110,000 kwa M-Pesa, halafu kazi zikakauka na mimi nikaanza kukwepa simu zake. Akachoka, akaenda korti kudai 180,000 yote, kama vile sijawahi kumpa hata bob.

Hapa ndio wengi wetu hatujui mambo. Tangu 2020, sheria za Kenya zinakubali samansi ipitie WhatsApp. Aliyetuma akipata alama kwamba meseji imefika, basi umeshapewa. Samansi inakupa muda wa kujitokeza, usiopungua siku 10, na kujitokeza si kwenda kusimama kortini, ni kuwasilisha karatasi ya kusema uko. Ukishafanya hivyo una siku 14 za kuleta utetezi. Ukinyamaza, na deni lenyewe ni kiasi kinachojulikana, mdai anaomba hukumu na anapewa bila shahidi hata mmoja kusikizwa. Hakuna mtu aliuliza kuhusu hiyo 110,000 yangu.

Nilijua siku mathe alipiga simu. "Wewe, kuna mwanaume hapa anaandika TV yangu kwa karatasi. Umefanya nini?" Alikuwa dalali. Alituachia siku saba.

Mjomba wa beshte yangu ni wakili. Nilifika kwake na stori tayari: nitaapa sikuona kitu, simu ilikuwa imepotea. Akaniangalia tu. Akasema, "Kijana, tiki ni za bluu."

Akanielezea vizuri. Kama kweli hukupewa samansi, hukumu hiyo ina kasoro na korti inaiondoa kama haki yako. Lakini kama ulipewa ukalala, unaomba huruma ya hakimu, na huruma ina masharti. Tangu kesi ya Shah dhidi ya Mbogo ya 1967, korti inasaidia aliyekosea kibinadamu, si anayechelewesha haki makusudi. Na kesi ya Patel ya 1974 iliongeza swali lingine: je, una utetezi wenye kitu cha kusikizwa? Si lazima uwe wa kushinda, bora usiwe hewa.

Nikamuuliza, si Katiba, kifungu cha 159, inasema haki isizuiwe na mambo madogo ya utaratibu? Akacheka. Akasema kila aliyechelewa hukimbilia hapo, lakini Mahakama ya Juu ilishasema 2014, kwenye kesi ya Salat, kwamba kuongezewa muda si haki yako. Lazima ueleze kuchelewa kwako.

Basi nikaapa ukweli. Nilipata meseji, nikadhani ni utapeli, sikuuliza mtu. Nikaambatanisha meseji zote za M-Pesa. Tukawasilisha ombi siku mbili baada ya dalali kuja, na hakimu akamzuia kwanza asibebe kitu.

Siku ya kusikizwa, wakili wa jamaa alisema nimemchezea mteja wake miezi mingi. Iliniuma kwa sababu ni kweli. Yule jamaa pia ana watoto na kodi. Hatukuwa tunazungumzia karatasi tu, alikuwa anangoja pesa yake halali na mimi nilikuwa nablutikisha.

Hakimu aliondoa hukumu, lakini si bure. Nilipe 70,000 ambayo mwenyewe nakubali, ndani ya siku 30, pamoja na gharama za jamaa. Hiyo 110,000 nyingine tutabishana kwa ushahidi. Nikishindwa kulipa, hukumu inarudi na dalali anarudi.

Kuna watu huko nje wanasema korti zinabembeleza wazembe. Mimi sikubali, na si kwa sababu niliponea. Bila huo mlango ningelipa 110,000 mara mbili, na mathe angelipa kwa TV yake kosa asilolijua. Lakini mlango ukifunguliwa kwa kila mwongo mwenye stori ya simu iliyopotea, anayedai halali ataacha kuamini korti. Uwe wazi, ila anayeingia alipie kuchelewa kwake.

Kwa hivyo ukipata PDF yenye mhuri, usicheke. Chukua namba ya kesi, nenda kwa masjala ya korti iliyotajwa uulize kama ni ya kweli. Na kama umeshachelewa, nenda leo, kwa sababu kila siku unayoongeza utaulizwa ilienda wapi.

Kamera niliiuza ndio nilipe ile 70,000. Siku hizi nashuti na simu. TV ya mathe bado iko ukutani, na kila nikipita sebuleni ananiuliza kama nimesoma meseji zangu.