Jeli ya Matabaka Ukingoni mwa Mto Tana



Anayesafiri kutoka Mombasa kwenda Garissa kwa njia ya pwani hupita Malindi, akafika Garsen, na kuanzia hapo huandamana na Mto Tana kwa mwendo mrefu pasi na kuuona. Mto uko upande wake wa kulia, nyuma ya vichaka vya miiba, na dalili yake ni ule mstari wa miti mibichi unaojikunja mbali katikati ya nchi iliyokauka. Hupita Hola, hufika Madogo, kisha huvuka daraja na kuingia mji wa Garissa. Wengi wetu safari zetu huishia hapo. Mwenye kwenda Balambala hana budi kuendelea kaskazini-magharibi, kuufuata mto kuelekea utokako, kwa barabara ya vumbi ipitayo Sankuri, mpaka akaribie mstari wa ikweta.

Nchi ile hupata mvua ya milimita 300 hivi kwa mwaka, na joto la mchana hupita digrii 34 mara nyingi. Wenyeji wake, Wasomali, ni wafugaji, na utajiri wao wa asili ni ngamia, ng'ombe, mbuzi na kondoo. Kwa hiyo sisi watu wa pwani tukialikwa arusi huko hutarajia nyama, na kweli nyama haikosi: mbuzi wa kuchemshwa, na nyirinyiri ya ngamia iliyokatwa vipande vidogo vidogo na kuhifadhiwa katika samli. Wali huja na ndizi mbivu kando yake, mla akauma ndizi na kutia tonge la wali. Lakini kando ya mto kuna jambo ambalo wengi wetu hatulitarajii. Kuna mashamba. Maji huvutwa kwa pampu kutoka mtoni, na ardhi ileile inayoonekana kufa hatua mia moja kutoka hapo huzaa maembe, ndizi, mapapai, ndimu na matikiti maji.

Matunda hayo ndiyo yaliyonifanya niandike makala haya, kwa kuwa katika arusi niliyoihudhuria huko bibi arusi alitaka jambo moja juu ya halwa na chai: jeli ya matunda ya matabaka, nyekundu, nyeupe na manjano, kama alivyoiona kwa jamaa zake mjini. Ombi lenyewe ni dogo, lakini ndani yake mlikuwa na maswali mawili ambayo kila mwenye kuandaa karamu katika nchi ya joto na katika nyumba ya Kiislamu hukutana nayo. Je, itasimama? Na je, ni halali?

Swali la pili lilitangulia. Tulipokuwa Garissa kununua mahitaji, mama mwenyeji wetu alichukua pakiti ya unga wa jeli dukani, akaigeuza, akaisoma nyuma pole pole. Palikuwa pameandikwa gelatini, bila kutajwa ya mnyama gani, wala hapakuwa na nembo ya halali. Akairudisha mahali pake. Nilimwambia huenda ni ya ng'ombe. Akanijibu, "Huenda, abayo. Lakini chakula cha arusi hakiliwi na mtu mmoja. Nikila shaka peke yangu, hesabu ni yangu. Nikiwalisha watu mia mbili, nitaibeba vipi?" Abayo ni dada kwa lugha yao, na aliniita hivyo kwa upole, lakini neno lake lilikuwa zito.

Alikuwa na haki ya kusita. Gelatini hupatikana kwa kuchemsha ngozi na mifupa ya wanyama. Sehemu kubwa ya gelatini ya chakula itengenezwayo Ulaya hutokana na ngozi ya nguruwe. Nyingine ni ya ng'ombe, ambaye pengine hakuchinjwa kisharia, na nyingine ni ya samaki. Wanavyuoni wamejadili kama kitu kilichobadilika umbile hubadilika hukumu, na hawakuafikiana. Mjadala huo tuwaachie wenyewe. Mpishi wa karamu yeye ana njia nyepesi zaidi, nayo ni ile tuliyofundishwa tangu chuoni: kuacha chenye kutia shaka na kushika kisicho na shaka. Pakiti zenye nembo ya halali zipo nchini, na mwenye kuzipata aamini nembo. Asiyezipata, bahari imempa badala yake.

Badala hiyo ni agari, ile nyuzi nyeupe nyepesi kama karatasi iliyochanwa, inayouzwa madukani pwani kwa jina la chainagrasi. Mama zetu wa Mombasa, Lamu na Unguja wameijua kwa miaka mingi, maana ndiyo inayogandisha faluda ya Ramadhani. Hutokana na mwani mwekundu. Jina agar-agar ni la Kimalei, na Wajapani wamekuwa wakiitengeneza tangu karne ya 17. Mwani unaolimwa na kina mama wa Paje na Jambiani huko Unguja, na wa Kibuyuni huko Kwale, ni wa jamii nyingine. Huo hutoa karajinani, ambayo nayo hutumiwa viwandani kufanya vyakula kuwa vizito. Lakini zote mbili ni mimea ya bahari, hazina damu wala kuchinjwa.

Swali la kwanza nalo, la kusimama, lilijibiwa na agari hiyohiyo. Jeli ya gelatini huanza kulegea joto likifika digrii 30 hivi, ndiyo maana huyeyuka mdomoni. Katika mchana wa Balambala itayeyuka kwenye sinia kabla mgeni hajanawa mikono. Agari tabia yake ni nyingine. Hugandia kati ya digrii 32 na 40, na ikishaganda haiyeyuki tena mpaka ifikie karibu digrii 85. Haihitaji jokofu. Huhitaji ubaridi wa alfajiri tu.

Jambo hili liliwahi kuisaidia hata elimu ya tiba. Mnamo mwaka 1881, daktari Mjerumani Walther Hesse, aliyefanya kazi na Robert Koch, alitaabika kwa kuwa gelatini aliyokuzia vijidudu ilikuwa ikiyeyuka katika joto la kiangazi. Mkewe, Fanny Hesse, alimshauri atumie agari. Yeye aliijua jikoni, akiitumia kwa jeli na vitamutamu vyake, na ujuzi huo aliupata kwa jirani aliyewahi kuishi Java, nchi ya joto kama yetu. Maabara za dunia zinaitumia hadi leo. Basi asiidharau mtu elimu ya jikoni.

Ipo faida ya tatu. Papai na nanasi mbichi zina vimeng'enya vinavyovunja protini. Gelatini ni protini, kwa hiyo ukitia vipande vya papai bichi ndani yake haitaganda, hata ukiiweka kwenye barafu usiku kucha. Agari si protini, ni jamii ya sukari, na papai haliidhuru. Kwa mahali ambapo papai ndilo tunda la karibu, faida hiyo si haba.

Kazi ilianza baada ya sala ya alfajiri, wakati upepo ungali baridi. Maji ya mto huwa na udongo, kwa hiyo yalikuwa yameachwa yatuame tangu jana yake, yakachujwa na kuchemshwa. Kipimo ni chepesi kukumbuka: gramu 10 za agari kwa lita 1. Sinia moja ilichukua lita moja na nusu kwa matabaka matatu, ikakatwa vipande 30. Kwa wageni 200 zilitosha sinia 7 na agari ya gramu 105, mzigo unaoingia kwenye mkoba mdogo wa mkononi.

Tabaka la kwanza ni la tikiti. Gramu 5 za nyuzi huloweshwa kwa nusu saa, kisha huchemshwa katika robo lita ya maji mpaka zisionekane tena hata uzi mmoja. Hapo hutiwa sukari, na robo lita ya maji ya tikiti yaliyopashwa moto. Yasitiwe yakiwa baridi, kwa kuwa agari itashikana mabonge papo hapo. Ndimu, ikipendwa, hukamuliwa baada ya sufuria kuepuliwa, maana ukali wake ukichemka pamoja na agari huiondolea nguvu.

Tabaka la pili ni nusu lita ya maziwa yaliyochemshwa na gramu 5 za agari, sukari na hiliki ya kutwanga. La tatu ni la embe lililosagwa na kuchujwa, kwa kipimo kama cha tikiti, na humo ndimo hupangwa vipande vya papai na ndizi.

Siri iko katika kuunganisha. Mwenye kuzoea gelatini hungoja tabaka la chini lipoe kabisa ndipo amimine la juu likiwa vuguvugu. Kwa agari mambo ni kinyume. Tabaka la chini liwe limeshika juu, ukiligusa linanata kidogo kidoleni na bado lina joto, na la juu limiminwe likiwa la moto, kwa upawa, pole pole. Likingojewa mpaka lipoe, matabaka hayatashikana. Siku ya kukata yatateleza, nyekundu huku na nyeupe kule, kama jamaa waliokaa pamoja bila kusemezana.

Sinia ziliwekwa ndani ya mabeseni ya maji, zikafunikwa vitambaa vibichi, na upepo ukafanya kazi ya friji. Ya mwisho ilimalizika saa tatu asubuhi, na adhuhuri zote zililiwa. Hapa pana tahadhari. Jeli kusimama si dalili kwamba haijaharibika. Tabaka la maziwa lisikae katika joto zaidi ya saa chache, hata likionekana imara. Aidha agari hutoa maji kidogo kidogo inapokaa, kwa hiyo utamu wake ni wa siku ileile.

Wazee waliionja kwanza kwa tahadhari, mmoja akauliza imetokana na nini. Mama mwenyeji alijibu bila kutafuta maneno: mwani wa bahari, maziwa ya zizi letu, matunda ya shamba lile pale. Mzee akasoma bismillahi akala. Nadhani hiyo ndiyo heshima kubwa mwenyeji anayoweza kumpa mgeni, kuweza kukitaja kila kilichomo sahanini na kilikotoka.

Na shamba lile pale lina habari yake. Kuanzia mwisho wa 2020 misimu mitano ya mvua ilikosekana mfululizo, na mifugo mingi ya kaskazini-mashariki ikafa. Familia zilizobakiwa na wanyama wachache zilitegemea zaidi kipande cha ardhi kando ya mto. Kisha mwishoni mwa 2023 zikaja mvua za El Nino, Tana ukafurika, ukaingia mashambani, na mwaka uliofuata ukafurika tena. Mto unaolisha ndio huohuo unaochukua. Embe linalofika kwenye sinia ya arusi ya Balambala limepita kati ya kiu na gharika, na mwenye kulila ajue hivyo.

Basi ndugu msomaji, ukiandaa akika, walima au futari, iwe Lamu, Likoni au Balambala, kabla hujanunua pakiti ya rangi nzuri jiulize mambo matatu. Imetokana na nini? Itasimama katika joto la pale nitakapoipakulia? Na matunda ya wenyeji wa pale yana nafasi gani ndani yake? Na ukialikwa bara, chukua mkononi gramu mia za chainagrasi. Ni zawadi nyepesi kubeba, na mwenyeji wako ataweza kuwapakulia wageni wake bila kusita.

Allah azibariki karamu zetu, aturuzuku kilicho chema, na awape wenzetu wa ukingoni mwa Tana mvua ya kiasi. Amin.