Hoteli ya Njiani na Kiti cha Mgeni

Katika Kenya mtu akisema anakwenda hotelini, si lazima awe anakwenda kulala huko. Huenda ana shilingi chache tu mfukoni na haja ya kikombe kimoja cha chai. Neno hilo lilikuja na Waingereza, nalo kwao lilikuwa na maana ya nyumba kubwa yenye vitanda vya wageni. Lakini wananchi walilichukua wakalipa kazi waliyoihitaji wao, na sasa hoteli ni mahali pa kula. Watu wa pwani wana neno la zamani zaidi, mgahawa, lililotokana na gahawa, yaani kahawa. Kitale na Bungoma ni nchi ya chai, na huko neno lililoshika ni hoteli.

Msafiri atokaye Kitale kwenda Bungoma kwa njia ya Webuye hupita Kiminini, Kamukuywa na Misikhu, wala hakosi hoteli za namna hii katika kila kituo. Nyingi ni vyumba vya mbao au matofali vyenye paa la mabati, meza ndefu, mabenchi, na mtungi wa maji ya kunawa karibu na mlango. Kazi huanza kabla ya jogoo wa pili. Moto huwashwa, unga hukandwa, mandazi hutiwa katika mafuta, na chai hupikwa pamoja na maziwa na sukari katika sufuria moja, bila kutenganishwa kama ilivyo desturi ya Kiingereza. Dereva wa kwanza afikapo hukuta vikombe vimekwisha kupangwa. Mchana huja chapati na maharagwe, ugali na sukuma wiki, matumbo, na omena kutoka Ziwa Victoria. Aingiaye huamkia kwa “mulembe” akiwa Mluhya, au kwa “chamgei” akiwa Mkalenjin, na asiyejua salamu hizo husema “hamjambo” tu akajibiwa vizuri vile vile.

Aitazamaye sahani yake kwa makini ataona kwamba nchi nzima imeandaliwa juu yake. Kampuni ya mbegu ya Kenya Seed ilianzishwa Kitale mwaka 1956, na mahindi chotara ya H611, yaliyotokana na utafiti uliofanywa mji huo huo, yalitolewa kwa wakulima mwaka 1964. Kiwanda cha sukari cha Nzoia, karibu na Bungoma, kilianzishwa mwaka 1975. Maziwa hutoka kwa ng’ombe wa jirani. Basi hoteli ya njiani ndipo shamba na barabara zinapokutana, na mama apikaye ndiye mpatanishi wao.

Hata hivyo, desturi ya kumwuzia mgeni chakula si ya kale katika sehemu hizo. Zamani msafiri alitegemea ukoo wake. Akifika jioni katika boma la watu waliomjua babu yake, alipewa maji, akapewa chakula, akapewa mahali pa kulala. Kumdai malipo kungekuwa aibu kwa mwenye nyumba. Lakini ukarimu huo ulikuwa na mpaka wake, ndiyo maana Waswahili husema: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Tena ulimfaa zaidi yule mwenye jamaa njiani. Mtu asiye na ukoo wala rafiki alisafiri kwa wasiwasi.

Reli ndiyo iliyoleta wasafiri wengi wa namna hiyo. Ilifika Eldoret mwaka 1924, na tawi lake likafika Kitale mwaka 1926. Njia kuu iliendelea kupitia Broderick Falls, ambayo leo ni Webuye, na Bungoma, hata ikafika Kampala mwaka 1931. Pamoja nayo walikuja makarani, mafundi, vibarua, wachuuzi, na baadaye madereva wa malori na mataniboi wao. Hawa hawakuwa na shangazi katika kila kituo, lakini walikuwa na mshahara. Wakawa wageni wa aina mpya, na sarafu ikafanya kazi iliyokuwa ikifanywa na ukoo: ilimpa mtu haki ya kuketi na kula mahali asipojulikana.

Lakini haki hiyo haikuwa sawa kwa watu wote. Ardhi ya Trans Nzoia iligawiwa walowezi wa Kizungu, wengi wao baada ya mpango wa mwaka 1919 wa kuwapa mashamba askari waliorudi kutoka vitani. Katika miji ya walowezi zilikuwako hoteli za namna ile ya kwanza, zenye vitanda na vitambaa vyeupe vya mezani. Mwafrika aliingia humo akiwa mpishi, mtumishi wa mezani au mfuaji wa nguo. Kuingia akiwa mgeni hakuruhusiwa. Alijua namna ya kuchoma nyama ya bwana na kupanga visu na uma, kisha akala ugali wake nyuma ya jiko. Ubaguzi huo ulianza kulegea katika miaka ya mwisho ya 1950, na uhuru wa mwaka 1963 ukauondolea nguvu. Kabla ya hapo, benchi la hoteli ndogo ya Mwafrika, pamoja na moshi wake na nzi wake, lilikuwa na heshima ambayo nyumba kubwa ilimnyima: hapo mtu mweusi mwenye senti zake aliulizwa anataka nini, kisha akaletewa.

Mambo yanayofanana na hayo yametokea mbali sana na Mto Nzoia. Wamarekani nao wana hoteli zao za njiani, ziitwazo daina, na historia yake yafaa kujulikana. Mwaka 1872, katika mji wa Providence, mtu mmoja aitwaye Walter Scott alianza kuuza chakula usiku katika gari la kukokotwa na farasi. Wateja wake walikuwa watu wa kazi za usiku, wenye njaa wakati mikahawa mingine imefungwa. Walisimama nje wakapokea mkate na kahawa dirishani. Mwaka 1887, katika mji wa Worcester, Samuel Jones alitengeneza gari ambalo mteja aliweza kuingia ndani na kujikinga na baridi. Baadaye magari yakaacha kuzunguka, yakawekwa mahali pamoja yakawa nyumba. Kampuni moja ya Worcester, iliyoanza kazi mwaka 1906, iliunda zaidi ya 600.

Watu wengi hudhani kwamba daina zilikuwa mabehewa makuukuu ya treni. Ziko chache za hivyo, lakini nyingi ziliundwa kiwandani zikiwa tayari na jiko, kaunta na viti, kisha zikasafirishwa hadi kandokando ya barabara. Hiyo ndiyo sababu ya umbo lake jembamba na refu. Mpishi husimama mbele ya wateja, na kila mtu huona yai lake likikaangwa. Wateja huketi mstari mmoja kwenye kaunta, na kwa hiyo Wamarekani walijivuna kwamba katika daina meneja na dereva wa lori hukaa bega kwa bega, wakinywa kahawa ile ile kwa bei ile ile.

Majivuno hayo yalikuwa na ukweli, lakini nusu. Mahali pengi bega jeusi halikuruhusiwa karibu na bega jeupe. Kuanzia mwaka 1936 tarishi mmoja wa Harlem, Victor Hugo Green, alikuwa akitoa kitabu cha kuwaonyesha wasafiri weusi nyumba ambazo wangeweza kula na kulala bila kufukuzwa. Kitabu hicho kilitolewa kwa miaka 30 hivi, nayo ni ishara ya jinsi kilivyohitajiwa. Tarehe 1 Februari 1960, vijana 4 weusi, wanafunzi wa chuo, waliketi kwenye kaunta ya chakula ya duka la Woolworth katika mji wa Greensboro. Waliagiza kahawa, wakanyimwa, wakakataa kuondoka. Siku zilizofuata walikuja wengine, na jambo hilo likaenea katika miji mingi. Mwezi wa Julai mwaka huo kaunta ile ilifunguliwa kwa watu wote.

Mwaka uliofuata aibu hiyo ilimfika Mwafrika mwenye cheo. Nchi ya Chad ilikuwa imepata uhuru mwaka 1960, na balozi wake, Adam Malick Sow, alikuwa akisafiri kwa gari kutoka New York kwenda Washington mwezi wa Juni 1961 ili kumpelekea Rais Kennedy hati zake za ubalozi. Alisimama katika daina moja kando ya Barabara Namba 40, katika jimbo la Maryland, akataka kahawa. Akakataliwa kwa sababu ya rangi yake. Hakuwa Mwafrika wa pekee kutendewa hivyo katika barabara hiyo, na serikali ya Marekani iliona haya mbele ya mataifa mapya. Ilituma watu wake kuwasihi wenye daina, na vijana wapinzani wa ubaguzi wakaenda kuketi humo. Mwaka 1963 jimbo la Maryland lilitunga sheria juu ya jambo hilo, na tarehe 2 Julai 1964 sheria ya nchi nzima ikakataza kumfukuza mtu mahali pa kula kwa sababu ya rangi yake.

Yafaa kulitazama jambo hili vizuri. Mtu aliyekuwa na barua ya kuingia katika nyumba ya Rais alikosa ruhusa ya kuketi mahali pa mtu mwenye njaa. Kahawa yenyewe haikuwa kitu; angeweza kuipata kwingine. Kilichotafutwa na balozi, na wanafunzi wa Greensboro, na mpishi wa Kitale aliyekula nyuma ya jiko, kilikuwa ni kiti. Atakayempa mtu chakula dirishani amemlisha. Atakayempa kiti amemkubali.

Daina nyingi za Marekani zimekufa. Mwaka 1956 nchi hiyo ilipitisha sheria ya kujenga barabara kuu mpya, pana na za haraka, na barabara hizo zikaacha kando miji midogo pamoja na daina zake. Maduka ya chakula cha haraka, yaliyo sawasawa kila mahali, yakawachukua wateja. Kampuni ile ya Worcester ilifungwa mwaka 1961. Daina moja iliyoundwa nayo mwaka 1946 imewekwa katika jumba la makumbusho la Henry Ford huko Michigan, na watu huenda kuitazama kama watazamavyo ngao za kale.

Hoteli za Kitale na Bungoma hazijafika makumbusho, lakini zinaijua hatari hiyo. Maisha yake hutegemea mambo yasiyo katika uwezo wa mwenye hoteli. Kuanzia mwaka 1989, misaada ya chakula kwa watu wa Sudan ya kusini ilipopelekwa Lokichoggio, malori mengi yalipita Kitale. Mwaka 2009 kiwanda cha karatasi cha Webuye kilifungwa, na wafanyakazi waliokuwa wakila huko mjini wakapoteza mishahara yao. Mwaka 2020 ugonjwa wa korona ulipoingia, madereva wa malori ya kwenda Malaba waliogopwa kama ugonjwa wenyewe. Hoteli haifi kwa siku moja. Kwanza nyama hukosekana, kisha chapati, kisha hubaki chai ya rangi, na mwishowe asubuhi moja moshi hauonekani.

Wateja nao wana sehemu yao. Katika hoteli nyingi limebandikwa tangazo: kukopa arusi, kulipa matanga. Chini ya tangazo hilo hilo, kwenye kaunta, kuna daftari la madeni. Maana mama mwenye hoteli hawezi kumnyima kibarua ambaye hajalipwa, wala mwalimu anayengoja mwisho wa mwezi. Ukarimu wa zamani, ule wa bomani, haukufa. Umehamia ndani ya daftari. Anayekula kwa deni kisha akabadili njia ili asionekane hamwibii mama huyo peke yake. Amemwibia pia mwenye njaa wa kesho, ambaye ataambiwa kwamba mkopo umekwisha.

Tena liko jambo jingine, dogo kwa macho. Siku hizi hakuna sheria ya rangi katika hoteli yoyote ya Kenya, lakini huonekana mara nyingine kwamba mtu mwenye tai huitwa “bosi” na kupanguziwa meza, na hamali mwenye vumbi la magunia ya mahindi huambiwa aonyeshe pesa kwanza, au achukue chakula chake akale nje. Wote wawili watalipa bei moja. Pengine anayesema maneno hayo ni mjukuu wa yule mpishi aliyekula nyuma ya jiko. Ubaguzi ukiondoka mlangoni kwa rangi, waweza kurudi kwa viatu.

Mwenye hoteli hana nguvu juu ya barabara, wala juu ya kiwanda, wala juu ya bei ya sukari. Ana nguvu juu ya benchi lake. Akiosha vikombe vyake vizuri, akapika chai isiyo na maji mengi, akamwambia kila aingiaye “karibu, keti” kwa sauti moja, ametunza kitu ambacho watu wa mabara mawili walikigombania kwa miaka mingi. Na mteja akimaliza kula, akalipa, akasogea kidogo ili mgeni aliyesimama mlangoni apate nafasi, naye ameifanya kazi hiyo hiyo.